D. O. Misiani: gitaa la Shirati lililovuka mpaka

Wasomaji wa ukurasa huu walio wenyeji wa Migori na Homa Bay hawahitaji kuambiwa Daniel Owino Misiani alikuwa nani. Wengine walicheza nyimbo zake arusini, wengine walizisikia katika redio ya jirani walipokuwa bado wakichunga ndama, na wengine wamezirithi kwa wazazi wao pamoja na shamba na madeni. Kwa wale wa mbali nitasema kwa ufupi: alikuwa mwimbaji na mpiga gitaa, kiongozi wa bendi ya Shirati Jazz, na mmoja wa watu walioujenga muziki wa benga mpaka ukaenea kutoka kando ya Ziwa Victoria hadi kusini mwa Afrika. Alifariki mwaka wa 2006.

Mengi yameandikwa juu ya maneno ya nyimbo zake, na juu ya mashaka aliyoyapata mikononi mwa wakubwa. Hayo nitayagusa. Lakini mimi ni mwalimu wa kwaya, na kwa miaka mingi nimelisikiliza gitaa lake kwa sikio la mtu anayetafuta kitu cha kufundisha kesho yake. Kwa hiyo ninataka pia kueleza jambo ambalo halielezwi sana magazetini, nalo ni jinsi sauti za muziki ule zilivyopangwa moja juu ya nyingine.

Misiani alizaliwa tarehe 22 Februari 1940 huko Nyamagongo, Shirati, katika nchi iliyokuwa ikiitwa Tanganyika. Shirati iko kando ya ziwa, karibu sana na mpaka wa Kenya. Ng'ambo ya mpaka ni Muhuru na Karungu, sehemu ambazo leo zimo katika Kaunti ya Migori, na ukizidi kwenda kaskazini kwa kuufuata ufuo utafika Sindo na Mbita, katika Kaunti ya Homa Bay. Mpaka huo ulikatwa na Waingereza na Wajerumani waliokuwa mbali, wala hawakuwauliza Wajaluo wala Wakuria, ambao mpaka leo wana ndugu pande zote mbili. Mvuvi wa huko hutupa wavu Tanzania na kuuza samaki Kenya, na bibi arusi wa upande huu huwa na shangazi upande ule. Ni muhimu kulikumbuka jambo hili, kwa maana katika maisha ya Misiani mpaka huo ulikuwa mara njia, mara ukuta, kutegemea nani alikuwa amekasirika.

Shirati ilikuwa pia na misheni. Wamennonite kutoka Marekani walifika huko mwaka wa 1934, miaka sita kabla yeye hajazaliwa, na nyimbo za vitabuni zikafika pamoja nao. Wazazi wa Misiani walikuwa watu wa dini sana, tena waimbaji, kwa hiyo mtoto hakukosa sikio la kurithi. Alichokikosa ni ruhusa. Siku zile gitaa lilikuwa na jina baya. Lilihesabiwa kuwa chombo cha vilabu vya pombe, cha vijana wanaozurura na wasichana wanaotoroka kwao. Kisa kinachojulikana sana ni kwamba baba yake aliliharibu gitaa lake. Mzazi anayelisoma jambo hili leo asifanye haraka kumlaumu mzee yule. Alikuwa akimwokoa mwanawe kwa njia aliyoijua. Ila kijana alikuwa amekwisha kuamua.

Kabla ya gitaa, nchi hiyo ilikuwa na nyuzi zake. Wajaluo wana nyatiti, chombo cha nyuzi nane, ambacho mpigaji hukipiga akiwa ameketi chini kwenye kigoda kifupi, njuga za gara mguuni, na kwenye kidole kikubwa cha mguu pete ya chuma iitwayo oduong'o, ambayo huigonga kwenye mti wa chombo ili kushika mwendo. Wana na orutu, yenye uzi mmoja unaosuguliwa kwa upinde. Wakuria, majirani wao wa Kehancha na Tarime, wana iritungu, nayo ni ya nyuzi nane, kubwa kuliko nyatiti, yenye sauti nzito inayoingia mpaka kifuani. Kila fundi wa vyombo hivi ana namna yake ya kuzikaza nyuzi, na wazee wawili wakikutana hubishana. Hata hivyo nyimbo nyingi za kale za upande wetu huenda kwa noti tano. Ukiziandika kwa solfa ya kanisani utapata do, re, mi, so, la. Fa na ti hazionekani, au hupita kama mgeni asiyeketi.

Hapa naomba ndugu msomaji anivumilie kidogo. Noti mbili tatu zikipigwa kwa wakati mmoja, wapiga gitaa huziita kodi. Neno hili halina uhusiano na kodi inayolipwa serikalini, ingawa zote mbili humtoa jasho anayeanza kuzijua. Katika vitabu vya nyimbo za kanisa kodi hujengwa kwa kuruka noti moja moja: do, mi, so, fa, la, do, so, ti, re. Kutoka do hadi mi unahesabu noti tatu, na kutoka mi hadi so tatu tena. Basi kodi hizo ni za tatu juu ya tatu. Zimezoeleka hata walimu wengi hudhani kwamba Mungu hakuumba nyingine.

Lakini unaweza kuruka mbali zaidi. Kutoka re hadi so ni noti nne. Kutoka so hadi do iliyo juu yake ni nne tena. Zipige pamoja, re, so, do, nawe umepata kodi ya nne juu ya nne. Ukianzia do na kupanda kwa tano, yaani do, so, re, utapata jamaa yake wa karibu, kwa maana nne na tano ni kitu kimoja kilichogeuzwa: so ikiwa juu ya do ni tano, ikiwa chini ya do ni nne. Kodi za tatu hukuambia mara moja kama zimefurahi au zimehuzunika. Hizi za nne na za tano hazisemi. Zimekaa wazi kama uwanja, na mwimbaji ndiye anayeingia na furaha yake au msiba wake.

Sasa zitazame zile noti tano za nyimbo zetu. Anza na do, upande kwa tano ufike so, halafu re, halafu la, halafu mi. Noti zote tano zimepatikana kwa kupanda mara nne, bila kuongeza wala kuacha hata moja. Ngazi yenyewe ni mnara wa tano. Tena, ukitafuta ndani yake kodi kamili za kitabuni utapata mbili tu, do-mi-so na la-do-mi, lakini kodi za nne juu ya nne zimo tatu: mi-la-re, la-re-so na re-so-do. Hii ni hesabu ya ubaoni ambayo hata mtoto wa shule ya msingi anaweza kuihakikisha. Maana yake ni kwamba mwalimu anayeuvalisha wimbo wa nyatiti kodi za fa-la-do na so-ti-re anauletea noti mbili ambazo wimbo wenyewe haukuziomba, hali sauti za kuufaa zimo nyumbani mwake.

Gitaa nalo lina habari yake. Nyuzi zake sita, kuanzia ile nene, kwa kawaida hukazwa hivi: E, A, D, G, B, E. Kutoka E hadi A ni nne, A hadi D nne, D hadi G nne. Kisha kuna tatu moja, G hadi B, na mwisho nne nyingine. Ukiichukua G kuwa do, nyuzi tupu ambazo hazijabanwa na kidole zinasema la, re, so, do, mi, la. Zile noti tano zote zimo, wala hakuna ya sita. Kijana wa Shirati au wa Ndhiwa aliyeazima gitaa la askari aliyerudi kutoka vita vya pili, kabla hajafundishwa na mtu yeyote, akipitisha kidole gumba juu ya nyuzi alizisikia noti za kwao zimepandana kwa nne. Hata akifunga kalamu ya risasi kwa mpira kwenye shingo ya gitaa, kama wafanyavyo vijana wa vijijini wakitaka kupandisha sauti, mpango huo haubadiliki. Nadhani hii ni sababu moja iliyofanya gitaa likubaliwe upesi katika nchi yetu kuliko kinanda, ingawa kinanda kilikuwa na Kanisa zima nyuma yake.

Niongeze jambo moja la pembeni. Mwaka wa 1959, mjini New York, mpiga tarumbeta Miles Davis alirekodi kipande kiitwacho So What. Humo mpiga piano Bill Evans anaijibu besi kwa kodi mbili, kila moja ikiwa na nne tatu zilizopandana na tatu moja juu yake. Wanafunzi wa jazz huzisoma kodi hizo mpaka leo na wamezipa jina la kipande hicho. Mojawapo ni E, A, D, G, B, yaani nyuzi tano za kwanza za gitaa lisilobanwa, kuanzia ile nene. Baada ya hapo McCoy Tyner, alipokuwa akipiga piano katika kundi la John Coltrane, alizifanya kodi za nne kuwa nguzo ya kazi yake, na dunia ikashangaa. Bendi za kwetu zilipenda kujiita Jazz: Shirati Jazz, Victoria Jazz, Morogoro Jazz, Kilwa Jazz. Kwa kuwa hazikupiga muziki wa Marekani, wako wasomi wanaolicheka jina hilo. Mimi silicheki.

Turudi kwa Misiani. Mwanzoni mwa miaka ya 1960 alivuka kuja Kenya. Tanganyika ilipata uhuru mwaka wa 1961, Kenya mwaka wa 1963, na katika miaka hiyo vijana wengi wa ziwani walikuwa njiani wakitafuta kazi Kisumu, katika mashamba ya chai ya Kericho na Nairobi. Palipokuwa na wafanyakazi palikuwa na mshahara, na palipokuwa na mshahara palihitajika gitaa Jumamosi. Katikati ya miaka hiyo ya 1960 alikuwa na kundi lake, Victoria Boys, nalo lilibadilisha jina mara kadhaa mpaka likatulia kuwa D. O. 7 Shirati Jazz. Tazama jambo hilo: bendi iliyofanya kazi Kenya, ikapendwa Kenya, ikabeba jina la kijiji cha Tanzania mpaka mwisho.

Benga haikuwa uzushi wa mtu mmoja. Wako wanaomtaja John Ogara kwanza, na wengine humtaja Ochieng Nelly, ambaye pamoja na Collela Mazee waliifanya Victoria Kings kuwa mpinzani mkubwa wa Shirati Jazz. Kulikuwa na George Ramogi pia. Ugomvi wa nani alitangulia nauachia wenye nafasi. Hakuna anayebisha kwamba ifikapo katikati ya miaka ya 1970 Misiani alikuwa miongoni mwa walio mbele kabisa, na kwamba katika South Nyanza ya siku hizo, wilaya ambayo makao yake yalikuwa Homa Bay na ambayo Migori ilikuwa ndani yake, bendi yake ilijaza kumbi na nyua za watu.

Nieleze jinsi walivyogawana kazi. Wimbo huanza kwa kuimba. Misiani ana sauti nyembamba, laini, isiyopiga kelele, na mwenzake humfuata kwa sauti ya pili. Mstari ukiisha, gitaa la solo huujibu, likiirudia njia ya waimbaji kama mtu anayesadiki alichoambiwa. Gitaa la pili, la rithimu, halilali. Linasuka noti zake katikati ya noti za solo, mpaka asiyezoea hudhani ni gitaa moja lenye mikono minne. Baadaye waimbaji hunyamaza, mwendo hupanda, na magitaa huachiwa uwanja. Hapo ndipo wazee hutupa bakora.

Na chini ya yote kuna besi. Katika muziki mwingi wa dansi besi husindikiza tu. Katika benga huja mbele ya mlango. Gitaa la besi lina nyuzi nne, E, A, D, G, zote zimekazwa kwa nne bila ile tatu ya katikati. Mpigaji akiwa ameibana do kwenye uzi mmoja, kidole kikihamia uzi mnene ulio jirani, nafasi ileile, anaipata so iliyo chini. Akihamia uzi mwembamba ulio jirani, nafasi ileile, anaipata fa. Do, fa, so, hatua tatu ambazo benga nyingi husimama juu yake, zote zimo chini ya kiganja kilichotulia, na zote zimeachana kwa nne na tano. Ndiyo maana besi ya benga huweza kurukaruka kwa kasi bila kuchoka. Chombo chenyewe kinaipeleka.

Wakati huohuo solo iko juu kabisa ya shingo, inazungukazunguka katika noti za wimbo. Mara nyingi katika sehemu ile ya mwendo mkali nimesikia besi imeshika so, rithimu inagusa do, na solo juu inashikilia re. So, do, re: noti zilezile za kodi ya re-so-do, zimebadilishana viti tu. Hakuna mpigaji hata mmoja anayepiga kodi hiyo peke yake. Imetawanywa kati ya watu watatu, na imetokea kwa sababu kila mmoja anafuata njia yake katika ngazi ambayo yenyewe ni mnara wa tano. Nayo hudumu kwa nukta moja au mbili tu kabla ya kuvunjika na kuzaa nyingine.

Haki itendeke. Sidai kwamba Misiani aliketi na karatasi akapanga nne juu ya nne. Wala sidai kwamba alizikataa kodi za kitabuni. Rithimu yake huzitumia waziwazi, na waimbaji wake wawili hutembea kwa tatu, moja juu ya nyingine, kama kwaya ya misheni. Nadhani hapo wazazi wake wanasikika, walipende wasilipende. Ninachokisema ni kwamba tatu zile ni kuta na mapambo. Miti ya nyumba ni nne na tano, na iliota hapahapa.

Jambo hili si la mwalimu kujifurahisha nalo. Wakati mmoja nilipeleka kwaya yangu katika mashindano fulani, tukiwa tumeupanga wimbo wa Kijaluo kwa nne na tano, alto ikifuata soprano kwa umbali huo na besi ikishika do na so. Mwamuzi mmoja alitukata alama na kuandika kwamba sauti zetu ni tupu, hazina kodi. Watoto walirudi nyumbani wakiamini kwamba wimbo wa bibi zao haukukamilika. Kwa kipimo hichohicho benga imehukumiwa miaka mingi kuwa muziki wa kodi tatu, wa watu ambao hawakusoma. Mtu anayetafuta katika benga kile kilichomo kitabuni atapata kidogo, kwa sababu anahesabu kodi zinazopigwa na gitaa moja na kuziacha zile zinazoumbwa na magitaa matatu. Mtihani wa haki ungekuwa kumpa mwamuzi huyo besi ya Shirati Jazz aiandike kwa noti, kisha tumsubiri.

Maneno ya nyimbo zake yalikuwa na uzito wa namna nyingine. Aliitwa mfalme wa historia, kwa kuwa alipenda kusimulia mambo ya kale ya Wajaluo na visa vya Biblia, kisha katikati ya kisa ukatambua kwamba mfalme anayesimuliwa si wa Biblia. Alitumia mafumbo, na wanyama walipata kazi nyingi katika nyimbo zake. Wasikilizaji walicheka, na waliosikiliza kwa niaba ya serikali hawakucheka. Wakati wa Kenyatta na wakati wa Moi aliwahi kutiwa ndani zaidi ya mara moja kwa sababu ya nyimbo. Hapo ndipo mpaka ule wa Shirati ulipogeuka ukuta, kwa kuwa mtu aliyezaliwa Nyamagongo aliweza kuambiwa kwamba yeye ni mgeni, na aliwahi kurudishwa Tanzania. Alirejea. Mashabiki wake wa Migori hawakuwahi kumwona kuwa mgeni, na sijui ni kwa kipimo gani mtu angeweza kuwaeleza tofauti.

Muziki wenyewe ulivuka mipaka bila pasipoti. Mfanyabiashara wa santuri Phares Oluoch Kanindo, ambaye baadaye aliingia katika siasa, alizipeleka santuri za benga mpaka kusini mwa Afrika. Huko Zimbabwe watu waliuita muziki huo kanindo, kwa jina lake, na neno sungura, lililokuwa jina la lebo yake mojawapo, likawa jina la muziki wa gitaa wa Wazimbabwe wenyewe. Mwaka wa 1989 makampuni mawili ya Uingereza yalitoa santuri za Misiani, moja ikiitwa Benga Blast! na nyingine Piny Ose Mer, yaani dunia imelewa. Wazungu waliozinunua hawakuelewa neno hata moja. Kilichowashika ni magitaa, na hasa ile besi.

Miaka ya 1990 ilikuwa migumu kwa bendi zote. Kanda zilinakiliwa ovyo sokoni, muziki wa Kongo ulijaza kumbi, na gharama za vyombo zilipanda. Misiani aliendelea. Baada ya serikali ya Narc kuingia madarakani mwishoni mwa mwaka wa 2002, na wakubwa waliokuwa wameungana wakaanza kugombana juu ya ahadi walizowekeana, alitoa wimbo Bim en Bim, maana yake nyani ni nyani. Alikuwa na zaidi ya miaka 60, na bado walikuwako watu waliojiuliza nyani ni nani.

Alifariki tarehe 17 Mei 2006 katika ajali ya barabarani huko Kisumu. Alikuwa na umri wa miaka 66. Redio za Kijaluo zilizipiga nyimbo zake, na pande zote mbili za mpaka kulikuwa na maombolezo.

Katika miaka iliyofuata, vinanda vya umeme vimechukua nafasi kubwa katika muziki wa ohangla unaopendwa Homa Bay na Migori. Vina mambo mengi mazuri, na kijana mmoja huweza kufanya kazi ya bendi nzima kwa nauli ya mtu mmoja. Ila mashine ikibonyezwa kitufe hutoa kodi ya tatu juu ya tatu iliyopikwa tayari kiwandani, na mpigaji hana haja ya kuitafuta. Vijana wawili wa kwaya yangu wamenunua gitaa la besi la mtumba kwa kuchanga. Wanajifunza kwa kuzifuatisha santuri za Shirati Jazz kwenye simu, kidole kikitoka uzi hadi uzi katika nafasi ileile, na hadi sasa hawajakubaliana nani atalala nalo.